Msitusimulie Uhura Nusu

Mwaka jana, mwezi wa sita, nilikaa siku mbili katika warsha ya uongozi wa vijana. Tulikuwa 32 ndani ya chumba cha mabati, projekta ikishindana na mwanga wa jua. Siku ya pili, baada ya chai, mwezeshaji akatuonyesha picha ya mwanamke Mweusi mwenye gauni fupi jekundu, kifaa cha kusikilizia sikioni, na nyuma yake taa za kila rangi. Akauliza nani anamjua. Kimya. Akasema huyu ni Uhura, na jina lake limetoka katika lugha yenu hii hii. Hapo hata waliokuwa wanasinzia wakainua vichwa.

Akatusimulia. Mwigizaji aliitwa Nichelle Nichols, Mmarekani Mweusi. Miaka ya 1960 aliigiza katika tamthilia ya televisheni inayoitwa Star Trek, habari za chombo kinachosafiri kati ya nyota. Baada ya msimu wa kwanza akachoka, akataka kuacha. Akakutana na Martin Luther King, naye akamwambia usiache, watu wetu wanakuona. Akabaki. "Kwa hiyo na ninyi," mwezeshaji akamalizia, "mkipewa kiti mezani, msikiache. Kule kuwepo tu ni ujumbe."

Tukapiga makofi. Mimi nilipiga kwa nguvu kuliko wengi, maana wiki iliyotangulia nilikuwa nimechaguliwa mwakilishi wa vijana wa kike katika mikutano ya kila mwezi ya kituo cha vijana.

Leo nataka makofi yangu yarudi. Hadithi ile ni ya kweli, lakini tulipewa nusu, na nusu tuliyopewa ndiyo inayomfaa mwenye meza.

Nianze na kiti changu mimi, ndipo nije kwa kiti cha Uhura.

Kituo chetu kilikuwa kinafungwa saa kumi na mbili na nusu jioni. Shule zinaachia watoto saa kumi. Hesabu ni rahisi: saa mbili na nusu za kusoma penye taa na meza, kwa watoto ambao nyumbani wana koroboi au hawana kitu. Wasichana hasa. Msichana akifika nyumbani anapokewa na ndoo na mtoto wa kubeba, kitabu kinangoja mpaka giza, na giza likiingia hakuna kitabu tena. Kuna mmoja, jina simtaji, yuko kidato cha tatu. Alikuwa anavuka laga kila jioni kuja kukaa meza ileile ya pembeni, karibu na swichi. Nikichelewa kuwasha taa ananiita, "Dada, giza."

Nilihudhuria mkutano wa mwezi wa saba, wa nane na wa tisa. Katika mikutano yote mitatu nilifungua mdomo mara moja, nilipoombwa kutaja jina langu. Ajenda tuliikuta mezani. Mazungumzo yalikwenda kwa Kiingereza, tena mbio. Kiingereza cha kidato cha nne ninacho, lakini Kiingereza cha bajeti ni lugha nyingine kabisa. Nilikunywa soda, nikapigwa picha, nikasaini karatasi ya mahudhurio, nikarudi nyumbani najiona mtu.

Mwezi wa kumi likabandikwa tangazo mlangoni: kwa kupunguza gharama za jenereta na ulinzi, kituo kitafungwa saa kumi kamili. Saa kumi! Yaani mlango unafungwa dakika ileile kengele ya shule inapolia.

Nikaenda ofisini kuuliza. Kijana aliyenipokea ni mpole, wala si mtu mbaya. Akafungua faili akanionyesha ripoti. Imeandikwa kwamba vijana walishirikishwa katika uamuzi. Ushahidi wake ni ile karatasi ya mahudhurio. Sahihi yangu mara tatu, wino wa bluu, mwandiko mzuri kabisa niliofundishwa shuleni. Mimi nilidhani nasaini nauli, kumbe nilikuwa nasaini saa kumi.

Jioni ile wasichana waliniuliza swali moja. "Dada, si wewe ulikuwa humo ndani? Ulisema nini?"

Ndipo nikamrudia Uhura. Nilitaka kujua yule mama alifanya nini hasa na kiti chake. Nilitafuta kwa simu, bando likiisha nangoja jingine, nikatazama vipindi kadhaa na mahojiano yake ya uzeeni. Nawaeleza nilichokiona.

Nichelle Nichols alizaliwa mwaka 1932 Robbins, mji mdogo karibu na Chicago. Baba yake aliwahi kuwa meya wa mji huo. Alianza kama mwimbaji na mchezaji dansi, akazunguka na bendi ya Duke Ellington. Mwaka 1959 alikuwa miongoni mwa wachezaji katika filamu ya Porgy and Bess. Mwaka 1964 aliigiza katika kipindi kimoja cha tamthilia ya The Lieutenant, kipindi kilichozungumzia ubaguzi wa rangi ndani ya jeshi. Inasimuliwa kwamba kazi ilifanyika, halafu kituo cha televisheni kikakataa kukirusha. Mtayarishaji wa tamthilia hiyo, Gene Roddenberry, ndiye aliyekuja kubuni Star Trek. Kwa hiyo mama huyu hakuingia mezani akiwa mgeni. Alikwisha kujua kwamba unaweza kuitwa, ukafanya kazi yote, na bado sauti yako ikafungiwa kabatini.

Star Trek ilianza kuonyeshwa tarehe 8 Septemba 1966. Ili ujue uzito wake, angalia kilichokuwepo kabla. Kati ya 1950 na 1953 televisheni ya Marekani ilikuwa na tamthilia inaitwa Beulah. Mhusika mkuu ni mwanamke Mweusi, na kazi yake ni mtumishi wa nyumbani kwa familia ya Wazungu. Waigizaji watatu walipokezana nafasi hiyo, Ethel Waters, Hattie McDaniel na Louise Beavers, wanawake wenye vipaji vikubwa, wote kwa aproni moja. Sasa ghafla anatokea mwanamke Mweusi ambaye ni luteni, afisa wa mawasiliano katika chombo cha angani, hapiki wala hafui kwa mtu. Whoopi Goldberg amesimulia kwamba alipomwona akiwa mtoto, alikimbia kuwaita watu wa nyumbani waje waone mwanamke Mweusi kwenye televisheni ambaye si mtumishi. Hilo silidharau hata kidogo. Nami ningekimbia.

Na jina? Nichols alisimulia kwamba siku ya kujaribiwa alikuwa na kitabu mkononi, riwaya ya Mmarekani Robert Ruark kuhusu Kenya, inaitwa Uhuru. Roddenberry akalipenda neno, herufi ya mwisho ikabadilishwa. Likawa Uhura. Kwetu sisi Uhura halina maana, ni uhuru uliokatwa mkia. Lakini fikiria miaka yenyewe. Kongo ilipata uhuru 1960, Tanganyika 1961, Uganda, Rwanda na Burundi 1962, Kenya 1963. Neno lile lilikuwa linapigiwa kelele viwanjani huku kwetu, na miaka michache baadaye linatamkwa kila wiki katika sebule za Wamarekani, hata kama limelegezwa.

Kuna jambo la Kiswahili lililoniuma zaidi. Katika kipindi cha kwanza kabisa kurushwa, kiumbe wa ajabu anajigeuza mwanaume Mweusi na kumsemesha Uhura Kiswahili. Katika kipindi kingine, cha 1967, mashine inamfuta Uhura kumbukumbu zote. Anafundishwa kusoma upya kama mtoto, kwa Kiingereza, na anapokwama kinachomtoka mdomoni ni Kiswahili. Hapo nilisimamisha simu. Nikajiuliza, mbona Kiswahili chake kinaruhusiwa pale tu anapodanganywa au anapokuwa amepotea? Akiwa na akili zake, akiwa kazini na cheo chake, ni Kiingereza.

Hebu tazameni kambi yetu. Mabango ya kunawa mikono ni Kiswahili. Mabango ya kipindupindu, Kiswahili. Namba ya kupiga ukipatwa na janga, Kiswahili. Bajeti, Kiingereza. Ratiba ya kufunga kituo, Kiingereza. Lugha yetu inaitwa tunapokuwa wagonjwa, wachafu au hatarini. Ikifika saa ya kuamua, inaombwa isubiri nje.

Nirudi kwa kiti chake. Baada ya muda Nichols aligundua kwamba kila waraka mpya wa mchezo unapokuja, maneno yake yamepunguzwa. Mara nyingi kinachobaki ni kumwarifu nahodha kwamba mawasiliano yamefunguka. Yupo kwenye picha, nyuma ya nahodha, taa zinawaka, lakini hasemi. Katika kitabu chake cha mwaka 1994 alieleza pia kwamba barua za mashabiki wake zilikuwa nyingi na yeye hakupewa, mpaka mfanyakazi wa chumba cha barua alipomfichulia. Watu wanampenda, wanamwandikia, na yeye anaambiwa, kwa kimya, kwamba hahitajiki.

Basi akaandika barua ya kujiuzulu, akampelekea Roddenberry. Mwishoni mwa wiki hiyo, katika hafla ya NAACP, chama cha kutetea haki za Wamarekani Weusi, akakutana na Martin Luther King. King akamwambia yeye na familia yake wanamtazama, na kwamba hawezi kuondoka. Jumatatu akarudi kazini. Alibaki mpaka tamthilia ilipokwisha mwaka 1969.

Hapo ndipo mwezeshaji wetu alipozima projekta. Na hapo ndipo ninapotaka kubishana naye.

King alisema sawa. Sisemi Nichols alikosea kubaki. Ninachosema ni kwamba ushauri ule haukutolewa kwa mtu kama mimi mwenye kiti kama changu, na anayeunukuu kwetu anaruka mambo matatu.

La kwanza, kiti cha Uhura kilionekana. Mamilioni ya watu walimwona kila wiki, watoto wa Kizungu na watoto Weusi, majumbani mwao. Hata asiposema neno, mtoto wa Chicago ameona mwanamke anayefanana naye akiendesha mitambo. Kiti changu mimi kilionwa na watu kumi na mmoja na kamera moja. Hakuna msichana hata mmoja wa kambi hii aliyetiwa moyo na jinsi nilivyokunywa ile soda. Kule kuwepo tu ni ujumbe, sawa, lakini ujumbe kwa nani? Wangu ulikwenda kwa msomaji wa ripoti, mbali huko, akaambiwa kila kitu kiko shwari.

La pili, Nichols alipoambiwa abaki, barua ya kujiuzulu ilikuwa imekwisha kuandikwa. Alikuwa ameshahesabu alichonyimwa, ameshalalamika, na bosi wake ameshaisoma. Uvumilivu wake ulikuja baada ya kusema. Sisi tunafundishwa uvumilivu kabla hatujasema. Hayo ni mambo mawili tofauti kabisa. Huwezi kumwambia avumilie mtu ambaye hata hajaonyeshwa ajenda.

La tatu, ndilo linalonikera zaidi. Aliyemshauri abaki hakuwa mwenye kiti. King hakuwa mtayarishaji wa Star Trek, wala hakuwa na ripoti ya kujaza. Alikuwa mtu wa kwao, aliyekuwa anafungwa jela kwa ajili ya watu wake. Mtu wa kwenu akikuambia vumilia mwanangu, huo ni ushauri. Mwenye kiti akikuambia vumilia, kuwepo kwako kunatosha, huyo anakuomba usimsumbue. Maneno yanaweza kuwa yaleyale, herufi kwa herufi, lakini angalia yanatoka kinywa gani.

Watu hupenda pia kukumbushia busu la tarehe 22 Novemba 1968, Uhura na nahodha Mzungu, eti siku ya ushindi. Kitazameni kile kipindi. Katika hadithi yenyewe hawabusiani kwa kupenda. Kuna watu wa sayari nyingine wenye nguvu za kuchezesha miili ya wenzao, ndio wanaowalazimisha. Hata siku aliyopewa picha kubwa kuliko zote, mhusika wake alikuwa anasogezwa na mikono asiyoiona. Mimi na zile picha zangu za warsha tunaelewana naye vizuri sana.

Sasa nusu ya pili, ile tuliyofichwa au iliyosahauliwa, sijui.

Hadi miaka ya katikati ya 1970, kila mwanaanga wa Marekani aliyekuwa amesafiri kwenda anga za juu alikuwa mwanaume Mzungu. Shirika lao la anga, NASA, lilikuwa linatengeneza chombo kipya na lilihitaji wanaanga wapya. Mwaka 1977 Nichols, ambaye kwa wakati ule watu walimjua kama mwanamke wa kwenye nyota za kuigiza, alisimama mbele ya wakubwa wa mambo ya anga akawaambia waziwazi kwamba wanawake na watu wasio Wazungu hawaoni nafasi yao humo. NASA ikampa mkataba, yeye na kampuni yake iitwayo Women in Motion, awatafute waombaji. Alieleza baadaye kwamba aliwaonya: nikiwaletea watu wenye sifa na bado mkachagua walewale, nchi nzima itajua.

Akazunguka vyuo, mashirika ya wahandisi, mikutano ya wanasayansi. Maombi yaliyofika yalipita 8,000. Januari 1978 wakatangazwa 35. Kati yao sita ni wanawake, watatu ni wanaume Weusi, na mmoja ana asili ya Asia. Sally Ride alikwenda anga za juu Juni 1983, mwanamke wa kwanza wa Marekani. Guion Bluford alikwenda Agosti mwaka huohuo, Mmarekani Mweusi wa kwanza. Wengine wa kundi lile lililofungua mlango, wakiwemo Judith Resnik, Ronald McNair na Ellison Onizuka, walifariki chombo cha Challenger kilipolipuka tarehe 28 Januari 1986. Mlango ule haukuwa wa mchezo wa kuigiza tena. Watu waliingia kweli, na wengine hawakurudi.

Sitaki nami nisimulie nusu. Si Nichols peke yake aliyefanya hayo. Kulikuwa na sheria ya mwaka 1972 iliyozibana ofisi za serikali ya Marekani kuhusu ubaguzi katika ajira, na ndani ya NASA wenyewe walikuwepo waliotaka mabadiliko. Lakini ona alivyofanya. Kwanza alidai kazi maalumu, hakuomba kiti. Pili alikuja na majina ya watu. Tatu aliwaambia mapema atakavyopima kama wametimiza au la. Jina lake la televisheni alilitumia kama nauli ya kumfikisha pale, alipofika akashuka.

Hii ndiyo nusu ninayoitaka kwenye projekta.

Nilipoyasema haya kwa mama mmoja kiongozi wa bloku yetu, ambaye wote tunamwita Mama Mwenyekiti, alinisikiliza mpaka mwisho akipepeta mchele. Kisha akasema, "Mwanangu, mimi nilikaa kwenye vikao miaka miwili sijui wanasema nini. Nilikuwa nahesabu tu nani anamwangalia nani kabla ya kujibu. Mwaka wa tatu nikajua mwenye bomba ni yupi, nikamwendea yeye. Unakunywa maji kwa sababu nilikaa kimya."

Sina jibu la kumkejeli, na maji nayanywa kweli. Nikakumbuka pia habari ya Mae Jemison, mwanamke Mweusi wa kwanza wa Marekani kwenda anga za juu, mwaka 1992. Alikuwa akimtazama Uhura utotoni, na huko juu alianza zamu zake kwa sentensi ileile ya kufungua mawasiliano, ile ambayo Nichols alichoka kuisema. Kwa hiyo hata yale maneno machache yalimfikia mtu.

Nimelifikiria sana hili. Nakubali kwamba kukaa ni shule. Lakini shule ina kidato cha mwisho na mtihani. Mama alikaa miaka miwili ili mwaka wa tatu aende kwa mwenye bomba, na hakuna ripoti ya wakati ule iliyosema kimya chake kilikuwa kibali. Kimya chake kilibaki mali yake. Changu kilichukuliwa kikatumika. Na msichana wa kidato cha tatu hana miaka mitatu ya kuningoja mimi nisome nyuso za watu. Mtihani wake wa mwisho ni mwakani.

Tena niseme jambo ambalo linaniaibisha. Najua fedha zimepungua. Mgao wetu wenyewe umepungua, nani hajui? Sidai jenereta iwake usiku kucha. Lakini kituo kinafunguliwa saa mbili asubuhi, na mpaka saa nane mchana hakina mtu, vijana wako shuleni au wanatafuta riziki. Kingefunguliwa saa nane mchana na kufungwa saa kumi na mbili na nusu, zingekuwa saa nne na nusu badala ya nane. Mafuta kidogo, mlinzi saa chache, na watoto wana taa. Kila kijana anayefanya kazi pale analijua hili. Mimi nalijua. Sentensi hiyo moja nilikuwa nayo mdomoni mikutano mitatu, sikuisema, kwa sababu nilidhani kazi yangu ni kuwepo.

Kwa hiyo kosa ni la pande mbili, na nina maneno kwa pande mbili.

Ninyi wafanyakazi wa mashirika mnaosoma jarida hili, na najua mnalisoma, maana nakala zinaisha haraka ofisini kwenu: leteni ajenda siku tatu kabla, kwa Kiswahili, na kwa Kisomali na Kiarabu cha Juba kwa wanaokihitaji. Karatasi ya mahudhurio iwe ya mahudhurio tu. Uamuzi uwe na karatasi yake, yenye mahali pa kuandika nakubali na mahali pa kuandika sikubali. Na mkiandika kwamba vijana walishirikishwa, ongezeni mstari mmoja chini: walisema nini, na kipi kilibadilika kwa sababu walisema. Kama hakuna cha kuandika kwenye mstari huo, basi msiandike na ule wa juu. Picha pigeni tu, sisi tunapenda picha, lakini picha ya mtu aliyefunga mdomo isitumike kuonyesha kwamba ameongea.

Ninyi vijana wenzangu: tuache kugombania viti kwa ajili ya fulana na nauli. Nasema hivi na fulana ninazo nne. Ukichaguliwa, kabla ya kikao pita kwa watu wako uwaulize, uende na sentensi yao moja iliyoandikwa. Kiingereza kikikwama sema Kiswahili, mkalimani atafutwe, hiyo si aibu yako. Ukiona umewekwa pale kama ua la mezani, usiondoke kimyakimya ukaenda kulalamika kwenye mpira. Andika barua kama yule mama alivyoandika, ipokelewe, ibaki na nakala. Baada ya hapo, kama utabaki au utaondoka, angalau utakuwa umesema.

Mkutano ujao ni Alhamisi. Nitakuwepo, sijajiuzulu. Nimechukua daftari la kuingia kituoni nikanakili majina ya waliokuwa wanakuja baada ya saa kumi, na kwa kila jina darasa lake. Ile hesabu ya saa nne na nusu nimeiandika kwa Kiswahili, na rafiki yangu mwalimu ameiandika kwa Kiingereza. Nitaomba isomwe kabla ya mambo mengine. Nikiletewa karatasi ya mahudhurio nitaandika jina langu, na pembeni yake: nimehudhuria, saa za kufunga sijazikubali. Kama nafasi ni ndogo nitageuza karatasi niandike nyuma.

Na yule mwezeshaji akirudi na projekta yake, namkaribisha kwa moyo safi. Picha ya gauni jekundu asiitoe, wasichana wangu nao waione. Ila baada yake aweke na ile ya Januari 1978, ya wale watu 35.